Panya wa Manjano na Fumbo la Urithi

Mwaka 1905, katika mji wa Nancy nchini Ufaransa, mwanazuolojia Lucien Cuénot alijikuta na panya wa manjano ambao hesabu zao hazikukaa sawa. Miaka mitatu kabla ya hapo alikuwa ameonyesha kwamba kanuni za urithi ambazo Gregor Mendel alizipata katika mimea ya njegere zinafanya kazi pia kwa wanyama. Ukimpandisha panya wa kijivu na panya mweupe, watoto wote hutoka wa kijivu, na ukiwapandisha watoto hao wao kwa wao, weupe hurudi katika kizazi kinachofuata, mmoja kwa kila wanne. Lakini panya wa manjano walikuwa na tabia ya peke yao. Cuénot aliwapandisha wengi, akatafuta miongoni mwao hata mmoja anayezaa watoto wa manjano watupu, asimpate. Kila panya wa manjano alikuwa amebeba kwa siri rangi nyingine.

Jibu lilikuja mwaka 1910 kutoka Chuo Kikuu cha Harvard, Marekani. William Castle na mwanafunzi wake Clarence Cook Little walihesabu watoto zaidi ya 1,200 waliozaliwa na wazazi ambao wote wawili walikuwa wa manjano, wakakuta kwamba takriban wawili kati ya kila watatu ni wa manjano na mmoja si wa manjano. Ili kuona uzito wa hesabu hiyo, ni vema kukumbuka kwamba kila mnyama hubeba nakala mbili za karibu kila jeni, moja kutoka kwa baba na nyingine kutoka kwa mama, na kwamba nakala hizo zinaweza kuwa za matoleo tofauti, ambayo wataalamu huyaita aleli. Panya mwenye aleli moja ya manjano na moja ya kawaida huonekana wa manjano, kwa kuwa aleli ya manjano huitawala mwenzake. Wazazi wawili wa namna hiyo wakipandana, robo ya viinitete itapata aleli mbili za manjano, nusu itapata moja ya kila aina, na robo iliyobaki itapata mbili za kawaida. Tungetarajia basi watatu wa manjano kwa mmoja asiye wa manjano, lakini walipatikana wawili kwa mmoja. Robo nzima ilikuwa haipo. Castle na Little walieleza kwamba viinitete vilivyopata aleli mbili za manjano vilikufa kabla ya kuzaliwa, na uchunguzi wa matumbo ya uzazi ya panya wajawazito, uliofanywa miaka michache baadaye, ulithibitisha hivyo. Huu ni mmoja wa mifano ya kwanza kabisa ya aleli inayoua, na ulipatikana kwa kuhesabu tu watoto na kujiuliza ni nani hayupo.

Nimeanza na panya huyu kwa sababu rangi yake inapita katika sehemu kubwa ya historia ya utafiti wa urithi, na kwa sababu anaonyesha jambo ambalo mara nyingi hueleweka vibaya. Watu husema kwamba panya hutumiwa maabarani kwa kuwa anafanana na binadamu. Hilo ni kweli kwa kiasi, lakini nguruwe na nyani nao wanafanana nasi, na wengine kati yao kwa ukaribu zaidi. Sifa iliyompa panya nafasi yake ya pekee ni kwamba nasaba yake inaweza kujulikana yote, kizazi kwa kizazi, na kupangwa kwa mkono wa mtafiti. Urithi hausomwi kwa mnyama mmoja; husomwa kwa kulinganisha wazazi, watoto na wajukuu, tena wengi.

Kiswahili hutumia jina panya kwa wanyama kadhaa, kwa hiyo inafaa kusema waziwazi ni yupi anayezungumziwa. Ni yule mdogo wa nyumbani, ambaye wataalamu humwita Mus musculus, mwenye uzito wa gramu 20 hadi 30 hivi anapokuwa mzima, na si yule mkubwa wa maabara ambaye uzito wake ni zaidi ya mara kumi ya huo. Mimba ya panya huyu mdogo huchukua kama majuma matatu, uzao mmoja mara nyingi huwa na watoto sita hadi wanane, na watoto hao huweza kuzaa wakiwa na umri wa majuma sita hadi manane. Mtafiti anayeanza leo na jozi moja anaweza kuona wajukuu kabla mwaka haujafika katikati. Akitaka kufuatilia jambo hilohilo katika ukoo wa binadamu, atahitaji nusu karne. Panya ana jozi 20 za kromosomu na sisi tuna 23, lakini vipande virefu vya kromosomu zake vina jeni zilezile za kwetu, tena mara nyingi kwa mpangilio uleule, kana kwamba sura za kitabu kimoja zimekatwa na kushonwa upya kwa utaratibu mwingine. Ramani ya vinasaba vyake ilipochapishwa mwaka 2002, ilionekana kwamba ni chini ya asilimia moja tu ya jeni zake ambazo hazina jeni ya jamii hiyo kwa binadamu.

Hata hivyo panya wa kawaida wa ghalani hangefaa, kwa kuwa amechanganyika mno. Tatizo hilo ndilo Little aliloanza kulishughulikia mwaka 1909, alipopandisha kaka kwa dada, kisha watoto wao kaka kwa dada, na kuendelea hivyo kizazi baada ya kizazi. Wengi waliamini kwamba ukoo wa namna hiyo lazima ufe, na kweli nyingi hudhoofika na kukatika. Zile zinazosalia, hata hivyo, hufikia hali ya ajabu. Katika kila kizazi sehemu fulani ya tofauti zilizobaki hupotea, kwa sababu mtoto wa ndugu wawili ana nafasi kubwa ya kupata nakala mbili za aleli moja iliyotoka kwa babu mmoja. Baada ya vizazi 20, ambavyo ndivyo kipimo kinachokubaliwa hadi leo, zaidi ya asilimia 98 ya jeni huwa na nakala mbili zinazofanana, na panya wote wa ukoo huo huwa kama pacha wa yai moja, isipokuwa kwamba madume wana kromosomu Y. Kipande cha ngozi kikitolewa kwa mmoja na kupandikizwa kwa mwenzake wa jinsi ileile, hushika kama kwamba ni cha kwake mwenyewe. George Snell aliitumia sifa hiyo kutambua jeni zinazoamua kama mwili utapokea au utakataa kiungo kilichopandikizwa, akapata kwa kazi hiyo sehemu ya Tuzo ya Nobel ya mwaka 1980.

Panya wengi wa mwanzo walitoka kwa Abbie Lathrop wa Granby, Massachusetts, aliyefuga panya wa mapambo kwa ajili ya kuuza na ambaye daftari zake za uzazi zilikuwa za uangalifu mkubwa. Kutokana na panya wake, Little alianzisha mwaka 1921 ukoo mweusi uitwao C57BL, na tawi lake moja, C57BL/6, ndilo lililotumika kwa ramani ya vinasaba niliyoitaja. Mwaka 1929 Little alifungua Maabara ya Jackson mjini Bar Harbor, Maine, ambayo imeendelea kutunza na kusambaza koo hizi kwa watafiti wa dunia nzima. Naona ni haki jina la Lathrop litajwe pamoja na majina ya maprofesa, kwa kuwa bila mifugo yake na kumbukumbu zake sehemu kubwa ya kazi yao isingekuwa na pa kuanzia.

Faida ya ukoo safi inaeleweka vizuri kwa mfano wa mizani. Ukitaka kujua uzito wa punje moja ya mchele, huwezi kuipima juu ya mizani inayotikiswa na upepo. Tofauti elfu nyingi za vinasaba kati ya mnyama na mnyama ndizo upepo huo, na ukoo safi huutuliza. Panya wawili wanapofanana kwa kila kitu isipokuwa jeni moja, tofauti yoyote inayoonekana kati yao kwa uthabiti, katika malezi yaleyale, inaweza kuhusishwa na jeni hiyo.

Kutoka hapo mtafiti anaweza kufuata mwelekeo mmoja kati ya miwili. Katika mwelekeo wa kwanza, huanza na sifa anayoiona na kuitafuta jeni iliyoileta. Mwaka 1949 katika Maabara ya Jackson walizaliwa panya walionenepa kupita kiasi. Ilichukua hadi mwaka 1994 kwa Jeffrey Friedman na wenzake kuipata jeni yao na kugundua homoni ya leptini, ambayo hutolewa na mafuta ya mwili ili kuuarifu ubongo kwamba akiba ipo. Panya wa manjano naye alifuatwa kwa njia hiyohiyo, na jeni yake ilipatikana mwaka 1992. Ilifafanua mambo ambayo wafugaji walikuwa wameyaona kwa miaka mingi bila kuyaunganisha, kwani panya wa manjano si wa manjano tu, bali pia hunenepa na kupata dalili za kisukari.

Jeni hiyo huitwa aguti. Kwa panya wa kawaida, kila unywele ni mweusi wenye mkanda mwembamba wa manjano karibu na ncha, na mkanda huo hutokea kwa sababu jeni ya aguti huwaka kwa siku chache tu wakati unywele unakua, kisha huzimika. Ikiwaka, hutoa protini inayoziba kipokezi kilicho juu ya seli za rangi, nazo seli hizo huacha kutengeneza rangi nyeusi na kutengeneza ya manjano. Kwa panya wa Cuénot, kipande cha DNA kilikuwa kimekatika na kupotea kati ya jeni hii na jirani yake, na swichi ya jirani, ambayo huwaka mwili mzima wakati wote, ikabaki imeishika aguti. Nywele zikawa manjano kutoka shinani hadi nchani. Protini ileile ikatengenezwa hata katika ubongo, mahali ambapo haitakiwi kabisa, ikaziba kipokezi kingine cha jamii hiyo kiitwacho MC4R, ambacho kazi yake ni kupunguza hamu ya kula. Kuhusu wale waliokufa tumboni, kipande kilichopotea kilikuwa kimebeba maelekezo mengine ambayo kiinitete hakiwezi kuishi bila angalau nakala moja nzima. Rangi, unene na kifo, mambo matatu yasiyofanana hata kidogo, yalikuwa na chanzo kimoja. Mwaka 1998 madaktari walieleza familia za watu wenye unene wa kurithi uliotokana na hitilafu katika MC4R, na leo ipo dawa, setmelanotide, inayofanya kazi kupitia kipokezi hichohicho kwa baadhi ya wagonjwa wenye unene wa kurithi wa aina za nadra.

Mwelekeo wa pili huanza na jeni na kuuliza inafanya nini. Njia ya moja kwa moja ni kuiharibu kwa makusudi na kutazama kitakachopungua. Mwaka 1981 Martin Evans na Matthew Kaufman walifaulu kukuza nje ya mwili seli za kiinitete cha panya ambazo bado zina uwezo wa kuwa kiungo chochote. Mario Capecchi na Oliver Smithies, kila mmoja kwa upande wake, walionyesha namna ya kubadilisha jeni iliyochaguliwa ndani ya seli. Mbinu hizo zilipounganishwa, panya wa kwanza wa aina hiyo walipatikana mwaka 1989, na watatu hao, Evans, Capecchi na Smithies, walitunukiwa Nobel mwaka 2007. Hapa pia rangi ilisaidia. Seli zilizobadilishwa zilichukuliwa kutoka ukoo wenye nywele za mkanda wa manjano, zikaingizwa katika kiinitete cha ukoo mweusi, na mtoto aliyezaliwa na madoa ya rangi mbili alijulikana kwa jicho tu kwamba amebeba seli hizo. Mtoto wake akizaliwa na nywele zenye mkanda, ilijulikana kwamba seli zilizobadilishwa zimefika hadi kwenye mbegu za uzazi. Kazi hiyo ilihitaji mwaka mmoja au zaidi kwa kila jeni. Tangu mwaka 2013, kwa zana ya kukatia DNA iitwayo CRISPR, badiliko linaweza kufanywa moja kwa moja katika yai lililorutubishwa, na muda umepungua hadi majuma.

Kwa kuongeza jeni badala ya kuiharibu, iliwezekana kuthibitisha mwaka 1991 kwamba jeni moja, Sry, inatosha kuanzisha maumbile ya kiume, kwa kuwa viinitete vilivyokuwa na kromosomu mbili za X, yaani vya kike kwa kila hesabu, vilipoongezewa jeni hiyo, baadhi yao vilikua vikawa madume.

Panya pia ametulazimisha kukubali kwamba urithi si orodha ya jeni pekee. Mwaka 1961, Mary Lyon, akifanya kazi Harwell nchini Uingereza, aliwatazama panya majike wenye manyoya ya mabakamabaka na kupendekeza kwamba katika kila seli ya jike kromosomu moja kati ya X mbili huzimwa mapema katika ukuaji, kwa bahati nasibu, na kwamba seli zote zinazotokana na seli hiyo huendelea kuizima ileile. Kwa hiyo karibu kila jike wa mamalia, akiwemo mwanamke, ni mchanganyiko wa makundi mawili ya seli. Mwaka 1984, Azim Surani na wenzake huko Cambridge, na James McGrath pamoja na Davor Solter huko Philadelphia, walitengeneza viinitete vya panya vyenye seti mbili za vinasaba zote za mama, au zote za baba. Hesabu ya jeni ilikuwa kamili, lakini hakuna kilichofika kuzaliwa. Vile vya mama watupu vilikosa kondo la nyuma la kutosha. Vile vya baba watupu vilikuwa na tishu za kondo lakini mwili wa kiinitete ulikuwa duni. Maana yake ni kwamba jeni chache hubeba alama ya mzazi zilikotoka, na nakala ya mmoja tu ndiyo hufanya kazi. Jeni ya Igf2 ni mfano ulio wazi: nakala iliyoharibika ikitoka kwa baba, mtoto huzaliwa mdogo sana, ikitoka kwa mama, mtoto huwa wa kawaida. Matokeo hayo yalisaidia kueleza kwa nini kwa binadamu upungufu wa sehemu ileile ya kromosomu ya 15 huleta magonjwa mawili tofauti kabisa, kutegemea kama umerithiwa kwa baba au kwa mama.

Kisa kingine cha aina hii kinaturudisha kwa panya wa manjano. Katika miaka ya 1880 August Weismann alikata mikia ya panya kwa vizazi vitano na hakuna mtoto aliyezaliwa bila mkia. Somo likawa kwamba yanayoupata mwili wa mzazi hayaingii katika urithi. Lipo toleo jingine la aleli ya manjano, ambalo haliui, lililotokea pale kipande cha DNA kinachohamahama kilipojichomeka mbele ya jeni ya aguti. Panya wenye toleo hilo, wa ukoo mmoja safi, ndugu wa tumbo moja, hutoka wa rangi zote kuanzia manjano hadi kahawia, ingawa DNA yao ni moja. Kinachowatofautisha ni vijialama vya kikemikali vilivyobandikwa juu ya kipande kile: vikiwa vingi, aguti hutulia na panya huwa wa kahawia na mwembamba, vikiwa vichache, aguti huwaka kila mahali. Mwaka 2003, Robert Waterland na Randy Jirtle walionyesha kwamba mama akilishwa wakati wa ujauzito chakula kilichoongezewa asidi ya foliki, vitamini B12 na virutubisho vya jamii hiyo, watoto wengi zaidi huelekea kahawia. Tena rangi ya mama mwenyewe huathiri rangi za watoto wake kwa kiasi, ilhali ya baba haiathiri. Weismann hakukosea, kwa kuwa mkia uliokatwa haurithiwi. Ila mpaka kati ya malezi na urithi si ukuta mmoja ulionyooka kama ilivyodhaniwa.

Mipaka ya panya inahitaji kusemwa kwa uzito uleule. Jeni inayoleta ugonjwa wa kurithi wa ute mzito mapafuni ilipoharibiwa kwa panya mwaka 1992, wengi waliugua vibaya matumbo yaliyoziba, lakini mapafu yao hayakupata maambukizi mazito ambayo ndiyo huwaua wagonjwa. Badiliko moja la jeni linaloleta kisukari kwa panya lilionekana kali katika ukoo mmoja na jepesi katika ukoo wa karibu nao, kwa kuwa jeni haifanyi kazi peke yake. Hata ukoo ukiwa mmoja, mazingira huingia. Mwaka 1999 watafiti wa Portland, Albany na Edmonton walipima tabia za koo nane kwa vifaa na ratiba zilizofananishwa kadiri walivyoweza, na baadhi ya matokeo bado yalitofautiana kati ya maabara na maabara. Kuna pia swali la uchungu wa wanyama wenyewe. William Russell na Rex Burch walipendekeza mwaka 1959 kwamba mnyama aachwe pale ipo njia nyingine, idadi ipunguzwe, na mateso yapunguzwe kwa mbinu bora, na misingi hiyo sasa imeingia katika sheria na kanuni za nchi nyingi. Nauona msingi wa pili kuwa unakwenda pamoja na sayansi nzuri, kwani jaribio lililopangwa vibaya hupoteza maisha ya wanyama bila kumfundisha mtu chochote.

Tatizo kubwa zaidi, kwa maoni yangu, limo ndani ya usafi wenyewe. Matokeo ya ukoo mmoja safi ni sawa na matokeo ya mtu mmoja aliyepimwa mara mia. Kwa sababu hiyo watafiti waliunda makundi mapya kwa kuchanganya koo nane za kuanzia, tatu kati yake zikiwa zimetokana na panya wa porini, ili kurudisha tofauti ambazo Little na waliomfuata walitumia vizazi 20 kuziondoa. Katika tawi moja la mpango huo hakuna panya wawili wanaofanana, na kila mmoja husomwa DNA yake ili ijulikane kila kipande cha kromosomu zake kimetoka kwa yupi kati ya wale mababu wanane.